Je, majarida ya watoto yamewalea kweli wasomaji wa India?

Swali: Naishi Pune, India, ambako mume wangu anasoma shahada ya pili. Binti yetu ana miaka tisa. Jirani alimpa rundo la majarida ya watoto yanayoitwa Tinkle, na tangu siku hiyo haambiliki. Anasoma hata sahani ya chakula ikiwa mbele yake. Mwalimu wake anasema katuni zinamdumaza msomaji. Jirani anasema kizazi chake chote kimekuzwa na majarida haya. Nani mkweli? Yamewajenga kweli wasomaji wa India, au ni watu wazima wanaukumbuka utoto wao tu? Na mtoto wetu, ambaye si Mhindi, yatamwachia nini?

Jibu: Dada yangu, jirani ana ukweli mwingi kuliko mwalimu, ingawa mwalimu naye ana hoja nitakayoifikia. Majarida ya watoto yamewajenga wasomaji wengi sana India. Ninachopinga ni sababu inayotajwa kila mara. Watu wazima wakiyakumbuka husifu maadili: kila hadithi ilikuwa na funzo, ndiyo maana tukawa watu. Mimi mafunzo hayo nayapa uzito mdogo. Nimeyafuatilia majarida haya muda mrefu, na ninachokiona kikijirudia ni kwamba yale yaliyoacha alama yalimtaka mtoto afanye kitu. Afikirie jibu kabla ya kugeuza ukurasa. Aandike barua. Atume kisa alichosimuliwa na bibi yake. Abishane na kaka yake. Yale yaliyomkalisha mtoto apokee mawaidha yalisomwa na kusahaulika.

Mfano ninaoupenda kuliko yote ni Chandamama. Lilianza Madras, ndiyo Chennai ya leo, Julai 1947, mwezi mmoja kabla ya uhuru wa India. Waanzilishi walikuwa B. Nagi Reddi na Chakrapani, ambao majina yao yalikuja kuvuma pia katika filamu za kusini. Lilitoka kwanza kwa Kitelugu na Kitamil, kisha likaongeza lugha moja baada ya nyingine hadi zikapita 10: Kihindi, Kikannada, Kimarathi, Kimalayalam, Kigujarati na nyinginezo, hata Kisanskriti, na Kisinhala kwa watoto wa Sri Lanka. Hadithi zilikuwa zile zile na picha zile zile, ila kila mtoto alisoma kwa lugha ya nyumbani kwake. Nchi hiyo ina lugha nyingi kiasi kwamba watu wa majimbo mawili jirani wanaweza wasielewane kabisa. Kwa hiyo mtoto wa Karnataka na mtoto wa Maharashtra kuwa na mfalme mmoja kichwani, mwenye sura na upanga ule ule, halikuwa jambo dogo.

Mfalme huyo ni Vikramaditya, na hapa naomba nikae kidogo, kwa sababu ndipo siri ya jarida lile ilipo.

Mfalme amemwahidi mtawa mmoja kwamba atamletea maiti inayoning'inia mtini, kwenye uwanja wa kuchomea wafu. Anakwenda usiku, anapanda mti, anakata kamba, anaitupa maiti begani na kuanza safari kimya. Ndani ya maiti mna pepo anayeitwa Vetala. Pepo anasema njia ni ndefu, basi ngoja nikupe kisa. Kisa kinaishia kwenye swali gumu, na swali lina mtego: ukiwa unalijua jibu ukanyamaza, kichwa chako kitapasuka. Mfalme anajibu. Kwa kuwa amevunja ukimya, maiti inachomoka begani na kurudi mtini. Toleo lijalo, mfalme anarudi kwenye mti ule ule.

Visa vya asili ni 25, na vimo katika mkusanyo mkubwa wa Somadeva, mshairi wa Kashmir wa karne ya 11. Kimojawapo ni hiki. Vijana watatu wanampenda msichana mmoja, naye anafariki kabla hajaolewa. Wa kwanza anajenga kibanda mahali alipochomwa na kulala juu ya majivu yake. Wa pili anachukua mifupa na kwenda kuitia katika mto Ganges. Wa tatu anakuwa mtawa wa kutangatanga, na huko anakotangatanga anapata maneno ya kufufua wafu. Wanakutana tena, msichana anafufuka, ugomvi unaanza. Pepo anauliza: ni mke wa nani?

Mpe binti yako kisa hiki bila jibu, umtazame. Watoto wengi watasema ni wa yule aliyemfufua, maana bila yeye asingekuwepo. Mfalme anakataa. Aliyempa uhai, anasema, amefanya kazi ya baba. Aliyepeleka mifupa mtoni amefanya kazi ya mtoto wa kuzaa. Aliyelala juu ya majivu yake ndiye mume. Unaweza kulikubali jibu au kulipinga. Mimi nadhani msichana mwenyewe alipaswa kuulizwa, na mtoto wa leo huenda akalisema hilo kabla yako. Lakini ona kilichotokea: kati ya swali la pepo na jibu la mfalme, mtoto amelazimika kuwa hakimu. Amepima, amechagua, kisha amekutana na mtu aliyechagua tofauti na kutoa sababu zake.

Chandamama lilidumu na mfalme huyu kwa miongo kadhaa. Visa 25 vingekwisha kwa miaka miwili tu, kwa hiyo wahariri walichukua ngano nyingine na kuzigeuza hadi kila moja ikaishia kwenye swali. Mhariri wa miaka hiyo alikuwa Kodavatiganti Kutumba Rao, mwandishi mkubwa wa Kitelugu, aliyeshika kazi kuanzia 1952 hadi alipofariki 1980. Yeye mwenyewe alikuwa mtu wa fikra za Kimaksi asiyeamini mizimu, lakini aliziheshimu hadithi za mapepo kwa kuziandika kwa lugha nyepesi na safi. Mchoraji alikuwa K. C. Sivasankaran, aliyejulikana kwa jina la Sankar. Picha yake ya mfalme mwenye upanga mkononi, maiti yenye nywele nyeupe begani, mafuvu chini ya miguu, imekaa vichwani mwa mamilioni ya watu. Alifariki 2020, na mwaka uliofuata serikali ikamtunuku nishani ya Padma Shri.

Kumbuka pia nyumba zilizolipokea jarida hilo. Katika sensa ya 1951, watu wapatao 18 tu kati ya 100 nchini India walijua kusoma. Nyumba nyingi zilikuwa na msomaji mmoja au wawili, na mara nyingine msomaji mwenyewe ni mtoto wa shule. Hadithi ya namna ile husomwa kwa sauti na kusikilizwa na wengi, na swali la pepo linamfikia hata bibi asiyejua herufi. Anayesoma kwa ajili ya wengine hujifunza kupumua mahali pa nukta, kubadili sauti mhusika anapobadilika, na kurudia sentensi iliyomponyoka. Darasani hayo hayapatikani kirahisi.

Huko Bengali, mashariki mwa India, walianza mapema zaidi. Aprili 1913, mjini Calcutta, Upendrakishore Ray Chowdhury alianzisha jarida la Sandesh. Alikuwa mwandishi, mchoraji na fundi wa uchapaji aliyeandika makala za kitaalamu zilizochapwa Uingereza kuhusu namna ya kuchapa picha. Mtu wa kiwango hicho aliona watoto wanastahili picha bora kuliko zile za magazeti ya wakubwa. Alipofariki 1915, mwanawe Sukumar Ray akashika usukani, na humo akachapa mashairi ya upuuzi mtamu, ya viumbe nusu bata nusu nungunungu, ambayo Wabengali hadi leo huyanukuu sokoni na bungeni. Sukumar alifariki 1923 akiwa na miaka 35. Jarida likafa, likafufuliwa, likafa tena. Mwaka 1961 mwana wa Sukumar, Satyajit Ray, ambaye dunia ilishamjua kwa filamu zake, akalirudisha pamoja na mshairi Subhas Mukhopadhyay. Jarida lilihitaji hadithi kila mwezi, basi mwongoza filamu akageuka mwandishi wa watoto. Mpelelezi wake Feluda alizaliwa humo mwaka 1965. Kwa maneno mengine, mojawapo ya kazi zinazopendwa mno katika Kibengali cha kisasa ilitokana na haja ya kujaza kurasa za watoto. Tunapouliza jarida limemfanyia nini msomaji, tusisahau limemfanyia nini mwandishi.

Sasa tuje kwenye lile lililoiteka meza yako ya chakula. Tinkle lilianza Mumbai Aprili 1980 chini ya Anant Pai, aliyesomea teknolojia ya kemikali akaishia kwenye katuni. Alikuwa ameshaanzisha Amar Chitra Katha mwaka 1967, mfululizo wa katuni za visasili na historia ya India. Alisimulia mara nyingi kilichomsukuma: aliwaona kwenye televisheni huko Delhi vijana wakijibu vizuri maswali ya visasili vya Kigiriki, na walipoulizwa mama yake Rama, shujaa mkuu wa visasili vya Kihindu, ni nani, wakakwama. Katuni zile zilikuwa jibu lake. Tinkle lilikuwa jambo jingine, na kwa maoni yangu ndilo bora zaidi kati ya mawili hayo, kwa sababu mlango wake ulikuwa wazi kwa watoto wenyewe.

Tinkle liliwaomba wasomaji watume hadithi. Kisa kikichapwa, jina la aliyekituma liliwekwa pamoja na mji wake. Mtoto wa mji mdogo ambao hautajwi katika kitabu chochote cha shule alifungua jarida akakuta jina la mtoto mwenzake wa mji mdogo mwingine. Barua zilimiminika kwa Anant Pai, ambaye watoto walimwita Uncle Pai, na majibu yakatoka kwa jina hilo. Hata Suppandi, mhusika maarufu kuliko wote, alikuja kwa posta. Msomaji mmoja wa Tamil Nadu alituma visa vya kwao vya mtumishi anayeshika kila agizo neno kwa neno, mchoraji Ram Waeerkar akampa kichwa bapa na uso wa upole, na tangu 1983 yupo. Mwaka huo huo akatokea Shikari Shambu, mwindaji mwenye kofia iliyofunika macho, mwoga kupita kiasi, ambaye huwakamata simba na chui kwa bahati tu na watu wakadhani ni shujaa.

Muulize jirani yako kama aliwahi kutuma hadithi au barua. Wengi wa rika lake walituma, na wengi hawakuchapwa. Kukataliwa hakukuwazuia kuandika tena. Mtoto aliyewahi kukaa na karatasi akijaribu kukifanya kisa cha bibi yake kieleweke kwa mgeni wa mbali ameshaingia upande wa pili wa kitabu, na hawezi tena kusoma kama zamani.

Majarida haya yalifika vipi? Kwa posta, kwa muuza magazeti, na kwa reli. Vibanda vya A. H. Wheeler kaskazini na vya Higginbothams kusini viliuza vitabu na majarida kwenye majukwaa ya stesheni, na likizo ya kiangazi ilikuwa safari ndefu ya treni kwenda kwa babu na bibi. Champak, jarida la wanyama wanaosema, la kampuni ya Delhi Press ya Delhi, liliingia mikononi mwa watoto wengi kwa njia hiyo: baba ameshuka kununua chai, amerudi na jarida. Nakala moja haikuwa na msomaji mmoja. Ilipita kwa ndugu, kwa binamu, ikaishia kwa mnunuzi wa karatasi chakavu, na kutoka hapo ikanunuliwa tena kwa bei ya chini na mtoto mwingine.

Hata hivyo nisikupambie. Majarida mengi yaliyotajwa hapa yaliingia katika nyumba zenye pesa ya ziada na mzazi mwenye moyo wa vitabu. Watoto hao wangesoma kitu, hata kama si Chandamama, kwa hiyo si haki kulipa jarida sifa yote ya mtu mzima aliyeelimika. Na nje ya nyumba hizo tatizo bado ni kubwa. Shirika la Pratham hupima usomaji wa watoto wa vijijini kila baada ya muda; mwaka 2022 lilikuta watoto wapatao 43 tu kati ya 100 wa darasa la tano ndio wanaoweza kusoma maandishi ya darasa la pili.

Ndiyo maana nawaheshimu kwa namna ya pekee waliotengeneza jarida kwa ajili ya watoto wasio na vitabu nyumbani. Katika jimbo la Kerala, kusini mwa India, chama cha kueneza sayansi kwa umma, Kerala Sasthra Sahithya Parishad, kilianzisha Eureka mwaka 1970, jarida la sayansi la watoto kwa Kimalayalam. Katika jimbo la Madhya Pradesh, shirika la Eklavya la Bhopal lilitoa toleo la kwanza la Chakmak Julai 1985, kwa Kihindi. Watu wa Eklavya walitoka katika mradi wa kufundisha sayansi kwa vitendo katika shule za serikali wilayani Hoshangabad, ambako mtoto alipewa kioo cha kukuzia na jani mkononi, na kitabu kikamuuliza ameona nini. Chakmak lilichukua tabia hiyo. Halimalizi kwa funzo. Lina sehemu iitwayo Mera Panna, ambamo watoto huandika na kuchora yao: mvua iliyobomoa ukuta, mbuzi aliyepotea, baba aliyekwenda mjini kutafuta kazi. Mtoto wa kijijini anayekuta mbuzi aliyepotea ndani ya jarida lililochapwa anajua kwamba maisha yake yanafaa kuandikwa. Kwangu mimi, hakuna ushawishi mkubwa kuliko huo ambao jarida la watoto linaweza kuwa nao.

Upo pia ushawishi mbaya, na wewe kama mama wa mtoto Mwafrika unahitaji kuujua. Katuni za zamani za visasili, hasa zile za Amar Chitra Katha, zimekosolewa na wasomi kwa muda mrefu: mashujaa na malkia huchorwa weupe, majini na watu wabaya huchorwa weusi. Wanawake wengi wapo ili waokolewe au wajitoe mhanga. Watu wa tabaka za chini walikuwa wachache mno, ingawa mwaka 1979 lilitoka toleo juu ya Ambedkar, kiongozi wa Wadalit, watu waliotengwa chini ya tabaka zote. Hata Suppandi si wa kuchekewa tu: ni maskini, ni mtumishi, na kicheko chote kinatoka kwenye ujinga wake mbele ya bwana mwenye nyumba. Mtoto hapewi somo la ubaguzi kwa maneno. Anaonyeshwa rangi na nafasi ya kila mtu, picha baada ya picha, mpaka anaona ndivyo dunia ilivyo. Mambo yanayoingia kimya namna hiyo hukaa kuliko funzo lililoandikwa mwishoni.

Majarida yenyewe yamebadilika kwa kiasi fulani. Mwaka 2015 Tinkle lilimleta WingStar, shujaa wa kike wa miaka 13 aitwaye Mapui Kawlim, kutoka Mizoram, kaskazini mashariki mwa India. Watu wa huko huitwa wageni katika miji mikubwa ya nchi yao wenyewe kwa sababu ya sura zao, kwa hiyo kumweka msichana wa huko katikati ya ukurasa ni jambo zito. Naye anapenda kucheza na marafiki kuliko kuokoa dunia, jambo lililonifurahisha. Kama yumo katika rundo lile, mwonyeshe binti yako. Yeye naye, naamini, ameshaulizwa njiani hapo Pune katoka wapi.

Nirudi kwa mwalimu. Hoja yake ina nusu ya ukweli. Katuni si kitu cha kudumaza. Kati ya picha na picha msomaji lazima ajaze mwenyewe kilichotokea, na mtoto anayeifanya kazi hiyo kwa kasi anafikiri. Lakini maneno ndani ya kiputo ni mafupi. Mtoto asiyesoma kingine hazoei kuibeba sentensi ndefu hadi mwisho wake, wala kuijenga picha ambayo hakuchorewa. Chandamama lilikuwa na maandishi mengi na picha moja moja, na kwa hilo lilimfundisha msomaji uvumilivu ambao Tinkle peke yake haliwezi. Kwa hiyo kosa la mwalimu ni kutaka kuziondoa katuni. Kinachotakiwa ni kuweka kando yake kitu kirefu zaidi, bila kukifanya kirefu hicho kuwa adhabu. Ukimwambia "maliza kitabu ndipo upewe Tinkle", umemfundisha kwamba kitabu ni dawa chungu.

Unaweza kujiuliza kama yote haya si habari za zamani. Kwa sehemu kubwa, ndiyo. Televisheni za kulipia ziliingia miaka ya 1990, chaneli za katuni zikafuata, kisha simu. Chandamama liliuzwa kwa kampuni ya programu za kompyuta mwaka 2007 na kukoma 2013. Nandan, jarida la Kihindi lililoanza 1964, lilifungwa 2020. Wazazi wengi siku hizi wakinunua jarida wananunua la Kiingereza, kwa matumaini ya shule na ajira, na lugha za nyumbani ndizo zilizoumia zaidi. Kerala wameshikilia. Huko Balarama la Kimalayalam, la kampuni ya Malayala Manorama, bado lina nguvu, na mwaka 2019 ulipovuma uvumi kwamba Luttappi, kijini chekundu kinachopaa juu ya mkuki, ataondolewa kwenye Mayavi, hadithi za katuni za jarida hilo, watu wazima wenye kazi zao walijaa mitandaoni kumtetea, hadi wachapishaji wakathibitisha kwamba atabaki. Nililitazama lile kwa furaha. Mtu hampiganii mhusika aliyemsoma tu. Anampigania aliyeishi naye.

Na binti yako. Usimnyang'anye Tinkle. Soma naye kisa kimoja kimoja, hasa vya Suppandi, na umuulize kama yeye angekuwa Suppandi angemjibu nini bwana wake. Mwache atume kitu: wasomaji bado wanakaribishwa kuandika, na ana hazina ambayo wenzake darasani hawana. Sungura na fisi, Abunuwasi na majirani zake, ngano za bibi yake huko nyumbani. Akiziandika kwa Kiingereza kinachoeleweka na mtoto wa Pune, atakuwa amefanya kazi ngumu ya lugha kuliko zoezi lolote la shule. Hata asipochapwa, mhifadhie nakala. Aandike na ya Kiswahili pia, kwa ajili ya bibi.

Kwa upande wa lugha za huko, mna bahati ya mahali mlipo. Pune ndiko yaliko makao ya Balbharati, taasisi ya vitabu vya shule ya jimbo la Maharashtra, ambayo imekuwa ikitoa jarida la watoto la Kimarathi liitwalo Kishor tangu Novemba 1971. Picha zake ni nzuri sana, waandishi wakubwa wa Kimarathi wameliandikia, na matoleo ya miaka iliyopita yamewekwa kwenye intaneti, yanasomwa bure. Kama anajifunza Kimarathi shuleni, mwombe jirani amsomee kurasa mbili jioni, kwa sauti, naye afuate kwa kidole. Diwali ikikaribia, mtafutie toleo la sikukuu, maana Maharashtra wana desturi ya kutoa matoleo manene ya Diwali, na ya watoto yamo. Kama ni Kihindi, tafuta Chakmak. Na kile kisa cha vijana watatu, msimulie kwa Kiswahili usiku wa leo, ukomee kwenye swali la pepo, halafu mwite baba yake naye atoe hukumu.